Sauti ya mkoa: kisa cha mtangazaji wa mpira aliyebaki bila mechi ya kutangaza

Kuhusu kisa hiki

Nimekiandika kwa ajili ya vijana wanaojitolea kwenye redio za mikoani, na kwa wasimamizi wa vipindi wanaowapokea. Mhusika amekisoma na kukikubali. Jina lake, kituo, wilaya na klabu iliyowahi kumwajiri nimeviondoa, na baadhi ya miaka ya maisha yake nimeisogeza kidogo. Tarehe za matukio ya soka yanayojulikana na kila mtu nimeziacha kama zilivyo. Nitamwita Kaunta, kwa sababu ya kaunta buku lake ambalo utalikuta humu mara nyingi.

Mimi nilikuwa msimamizi wa vipindi wa kituo hicho kwa miaka mingi kati ya hii inayosimuliwa. Baadhi ya maamuzi yaliyomuumiza niliyafanya mimi, na nitayataja yalipo.

Mazingira

Kituo kiko kwenye mji wa wilaya, Nyanda za Juu Kusini, ghorofani juu ya duka la pembejeo. Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA) hutoa leseni za redio kwa ngazi ya wilaya, mkoa au taifa, na ngazi hiyo ndiyo inayoamua wafanyakazi watakula nini. Redio ya taifa inaziuzia kampuni za simu na bia masikio ya nchi nzima. Redio ya wilaya inaishi kwa matangazo ya vifo, salamu, duka la mbolea la hapo chini, na vipindi vya afya au kilimo vinavyolipiwa na mashirika. Kipindi cha michezo kinapendwa kuliko vyote, na ndicho kisicho na mlipaji. Jambo hili tulishike kabla ya kumsifu au kumlaumu yeyote.

Kaunta alikulia kijijini, redio zikiwa bado za serikali. Sheria ya mwaka 1993 ndiyo iliyofungua mlango kwa watu binafsi, Radio One ikaanza 1994, lakini kwao mawimbi ya redio hizo mpya yalichelewa sana kufika. Shule yake ya utangazaji ilikuwa Radio Tanzania Dar es Salaam: Ahmed Jongo na Charles Hilary wakisikika kwenye redio ya baba yake, betri zikiwa zimeanikwa juani tangu asubuhi ili zipate nguvu ya kufika dakika ya 90. Kutoka kwao alijifunza jambo ambalo hakuna aliyewahi kumfundisha darasani, kwamba msikilizaji haoni chochote mpaka umwambie mpira uko wapi. Kwanza uko wapi, ndipo nani anao, ndipo anataka kufanya nini. Hata leo ukimsikiliza utaona mpangilio huo haujabadilika.

Kombe la mbuzi

Alianza kwenye mashindano ya kijiji ambayo zawadi yake ni mbuzi, akishika kipaza sauti cha betri alichokodi mwenyekiti wa kamati. Timu zote mbili hazikuwa na jezi za namba. Nyingine ilivaa fulana za kampeni, nyingine ilicheza vifua wazi. Mtangazaji aliyezoea kusoma namba mgongoni angekwama dakika ya kwanza. Yeye aliwajua wachezaji kwa mwendo, kwa ukoo, kwa kazi zao: huyu ni yule anayechoma mkaa, huyu ni mdogo wake fundi cherehani, yule kipa ana kidole kilichovunjika tangu mwaka jana kwa hiyo mipira ya kulia anaipangua badala ya kuidaka.

Meneja wa kituo alikuwa pale, alikuja kumwona shemeji yake akicheza. Wiki iliyofuata Kaunta akaitwa studio.

Aliingia kwa utaratibu ule ule wa redio nyingi za mikoani, yaani kujitolea. Hapakuwa na barua, wala tarehe ya mwisho, wala kazi iliyoelezwa kwa maandishi. Alipewa nauli ya Sh 3,000 siku ambazo tangazo la kifo lilikuwa limelipiwa taslimu. Meneja alisema kituo hakikuwa na fedha, na kweli hakikuwa nazo. Kaunta kwa upande wake alihesabu kwamba sauti ikishajulikana, harusi zitakuja. Hakukosea: ndani ya mwaka mmoja alikuwa MC wa sherehe karibu kila Jumamosi, na fedha za harusi ndizo zilizolipa kazi yake ya redio. Hali hiyo ilidumu miaka miwili na nusu. Sote tuliizoea, na kuizoea huko ndiko kulikoleta mengi yaliyofuata.

Msimu wa 2013/14

Mbeya City ilipanda Ligi Kuu msimu huo na kumaliza nafasi ya tatu, mara yake ya kwanza kabisa kucheza ngazi hiyo. Mtu ambaye hakuwa Nyanda za Juu Kusini mwaka ule hawezi kuelewa kilichotokea. Watu waliokuwa Simba au Yanga tangu tumboni walijikuta na timu ya tatu, na hiyo ya tatu ilikuwa ya kwao. Mabasi madogo yalijaa kuelekea uwanja wa Sokoine kutoka wilaya zote za jirani.

Kaunta alikuwa ndani ya mabasi hayo. Vifaa vyake vilikuwa simu mbili za batani, laini za mitandao miwili tofauti, waya wa masikioni na kaunta buku. Alipiga simu studio, fundi mitambo akaiunganisha kwenye mikseri, na hapo akawa hewani. Laini ya kwanza ikikatika, fundi aliweka kipande cha muziki kwa sekunde chache huku ya pili ikiita. Haki za televisheni zilikuwa za Azam tangu 2013, lakini kwenye redio za mikoani tuliingia uwanjani kwa kuelewana tu na viongozi wa soka wa mkoa. Hakuna aliyetuuliza karatasi.

Mjini kwetu kulikuwa na kibanda umiza kimoja ambacho mwenye nacho alizima sauti ya televisheni na kuwasha redio yetu. Picha ya dishi huchelewa sekunde kadhaa nyuma ya simu. Kwa hiyo kwenye giza la kibanda kile watu walimsikia Kaunta akipiga kelele ya goli wakati kwenye kioo winga bado hajapiga krosi. Wangeweza kulalamika kwamba anawaharibia utamu. Badala yake walisimama wote, wakitazama goli ambalo tayari wanalijua, wakingoja kuona litaingiaje. Mwenye kibanda aliniambia kwamba siku redio ilipoharibika, watu walidai nusu ya kiingilio chao.

Na lile kaunta buku. Ukurasa wa kushoto ni timu ya nyumbani, wa kulia ni wageni, kila mchezaji na mstari wake. Kalamu ya bluu ni ya mambo anayoyajua kabla ya mechi: alikozaliwa, timu ya mtaani aliyotokea, mguu anaoutumia, nani nduguye. Kalamu nyekundu ni ya mambo yanayotokea. Pembeni kabisa aliandika vitu ambavyo sijawahi kuviona kwenye daftari la mtangazaji mwingine: jua litakuwa upande gani saa 11 jioni, kona ipi ina tope, uwanja umeinama kuelekea wapi. Alipokuwa akisema "mpira unateremkia upande wa milingoti", msikilizaji aliyewahi kukanyaga uwanja ule aliuona kweli ukiteremka.

Tulirekodi karibu mechi zote hizo kwenye kompyuta ya studio. Mwishoni mwa 2015 kompyuta ilijaa na kuanza kukwama katikati ya matangazo, nami nikaagiza kila kitu cha zamani kifutwe. Nilimwambia fundi kwa mdomo, dakika moja, mlangoni. Msimu mzima wa Mbeya City kwa sauti ya Kaunta haupo tena popote.

Miezi saba Dar es Salaam

Kituo kimoja cha Dar es Salaam kilimwita kwa majaribio. Sehemu hii nitaipita haraka, kwa kuwa wengi wamepitia kama hiyo. Alikwenda bila mkataba, akalala kwa binamu yake, akawekwa kwenye kipindi cha mabishano ya Simba na Yanga akiwa sauti ya nne mezani. Mechi za kutangaza hakupewa. Aliambiwa lafudhi yake ni nzito, apunguze. Akapunguza. Nilimsikiliza siku moja nikiwa safarini na sikumtambua mpaka alipotajwa jina.

Alirudi baada ya miezi saba akiwa na deni. Alisema amerudi kwa sababu ya mama yake. Miaka mingi baadaye aliniambia sababu nyingine: kule hakuwa na kitu cha kuandika kwenye kaunta buku. Kila alichokijua kuhusu Simba na Yanga, kila dereva wa bodaboda alikijua pia.

Mwaka 2021

Mambo mawili yaligongana mwaka mmoja.

La kwanza ni haki za matangazo. Shirikisho la soka, TFF, lilisaini na Azam mkataba wa miaka 10 wa haki za televisheni wenye thamani ya Sh bilioni 225.6, na haki za redio za Ligi Kuu zikaenda TBC, shirika la utangazaji la taifa. Soka letu lilihitaji fedha hizo na sina ugomvi na utaratibu wa haki kulipiwa. Lakini kwa redio kama yetu, zile zama za kuelewana getini ziliisha. Kaunta, aliyejulikana kwa kutangaza Ligi Kuu, hakuwa tena na Ligi Kuu ya kutangaza.

La pili ni shule. Sheria ya Huduma za Habari ya mwaka 2016 na kanuni zake zilitaka mwanahabari awe na angalau stashahada, na muda wa mpito wa miaka 5 ulikuwa unaishia Desemba 2021. Kaunta alikuwa na cheti cha kidato cha nne. Tulilijua jambo hili kwa miaka yote mitano. Kila Januari tulisema tutalishughulikia.

Mezani kulikuwa na njia tatu, na tulizijadili kweli, jioni moja, yeye na mimi na mke wake.

Njia ya kwanza ilikuwa kufungua televisheni ya mtandaoni. Kanuni za maudhui ya mtandaoni za 2018 zilikuwa zimeleta gharama za leseni zilizofika Sh milioni 2.1 kwa mwaka wa kwanza, na ingawa baadaye zilipunguzwa, bado kulikuwa na kamera, kompyuta na bando. Mke wake alipiga hesabu nyuma ya bahasha, akaisogeza pembeni.

Njia ya pili ilikuwa kuwa msemaji wa klabu. Wakati ule ilionekana ndiyo barabara kuu ya watangazaji, na 2022 iliwachukua hata Ahmed Ally kwenda Simba na Ali Kamwe kwenda Yanga, wote wakitokea televisheni ya Azam. Klabu moja ya Championship, ligi ya daraja lililo chini ya Ligi Kuu, katika kanda yetu ilikuwa imemtaka.

Ya tatu ilikuwa kurudi darasani kuanzia ngazi ya cheti, abaki redioni, na atangaze mashindano ambayo hakuna anayeyagombea: Championship kwa ruhusa ya klabu husika, ligi ya mkoa, ligi ya wilaya, michezo ya shule.

Alichagua ya pili na ya tatu kwa pamoja. Ada ilihitaji fedha, na klabu iliahidi Sh 300,000 kwa mwezi. Aliuza pikipiki kulipia muhula wa kwanza, akaanza chuo Oktoba, na akawa msemaji wa klabu na mtangazaji wa mechi za klabu hiyo hiyo. Mimi niliruhusu. Mfadhili wa klabu alikuwa pia ananunua matangazo kwetu, na sikutaka kumuuliza maswali.

Kofia mbili

Kwa miezi minne hakuna aliyeona tatizo. Kisha mishahara ya wachezaji ikasimama.

Kaunta alijua. Alikuwa kwenye kundi la WhatsApp la viongozi, alisoma jumbe za nahodha zikiomba walau fedha ya kodi ya chumba. Siku ya mechi ya nyumbani kamisaa, yaani msimamizi wa mechi, alipokea fomu ya kikosi ikiwa na majina 12 tu. Kocha alikuwa na mchezaji mmoja wa akiba, naye ni kipa. Kaunta alikuwa na nakala ya fomu mkononi na kipaza sauti mdomoni. Alisema hewani kwamba timu inakabiliwa na wimbi la majeruhi.

Timu ilifungwa mabao manne. Kesho yake asubuhi, kwenye kipindi cha salamu, simu ya tatu ilikuwa ya mzee mmoja ambaye hakutaka kumsalimia mtu. Alisema: "Mwanangu ametajwa jana kuwa ni majeruhi. Mwanangu si mgonjwa. Yuko hapa anapalilia mahindi yangu kwa sababu hana nauli ya kuja kazini. Huyo kijana wenu anamjua mwanangu tangu anacheza kombe la mbuzi. Mwambieni nimemsikia."

Mtangazaji wa zamu aliweka muziki. Mimi nilikuwa chumba cha pili na nilisikia kila neno.

Kaunta hakuja kazini siku tatu. Ya nne alikuja na barua ya kujiuzulu usemaji, ameshaipeleka klabuni, na akaomba dakika tano kwenye kipindi cha michezo. Nilimshauri asiombe radhi hewani, nikihofia mfadhili. Alinijibu kwamba aliyedanganywa yuko hewani, hayuko ofisini. Aliomba radhi kwa kumtaja mzee yule kwa heshima bila jina, akasema alijua mishahara haijalipwa na alisema uongo. Hakujitetea kwa neno hata moja. Zilimtosha dakika mbili.

Mfadhili aliondoa matangazo yake wiki hiyo hiyo, nasi tulichelewesha mishahara ya wafanyakazi wawili kwa sababu hiyo. Klabu haikumlipa Kaunta miezi miwili aliyokuwa ameifanyia kazi, na mpaka leo haijamlipa.

Jumanne ya Ubaruku

Tarehe 29 Novemba 2022 Yanga walikuja Mbarali wakiwa wamecheza mechi 49 za ligi bila kupoteza. Uwanja wa Highland Estate uko Ubaruku, katikati ya nchi ya mpunga. Ihefu, timu ya hapo, waliwafunga 2-1.

Kaunta alikuwepo kama mtazamaji, amelipa kiingilio. Hakuwa na haki ya kutangaza hata sekunde moja, naye hakujaribu kuiba, ingawa wapo waliomshawishi atoe taarifa za simu kila baada ya dakika kumi. Alichofanya ni kujaza kaunta buku. Mechi ilipoisha hakuondoka. Alibaki mpaka usiku akirekodi kwa simu: mama lishe aliyeacha sufuria ya maharage ikaungua, kijana aliyepanda mti, askari wa mgambo ambaye ni Yanga na alilazimika kulinda watu wanaomcheka, mkulima aliyesema kesho hataenda shamba.

Asubuhi ya Jumatano aliisimulia mechi upya, mwanzo hadi mwisho, kwa dakika 40, kama mtu anayesimulia kisa kilichokwisha kutokea, akichanganya sauti zile. Kila mtu alikuwa anajua matokeo, kama wale wa kibanda umiza miaka ya nyuma waliosimama kungoja goli wanalolijua. Simu zilijaa mpaka fundi akaomba tuongeze muda, tukaongeza. Duka la pembejeo la chini lilidhamini marudio ya jioni kabla hata sijapanda ngazi kurudi ofisini.

Kuanzia hapo simulizi ya mechi ikawa kipindi cha kila wiki. Mechi ya Ligi Kuu ilipochezwa karibu, aliisimulia kesho yake. Ligi ya wilaya aliitangaza mubashara.

Alipofikia

Alimaliza stashahada 2024. Bodi ya Ithibati ya Waandishi wa Habari ilipoanza kutoa vitambulisho mwaka uliofuata, karatasi zake zilikuwa kamili. Watatu kati ya waliojitolea naye hawakuwa na chochote cha kupeleka na wameacha kazi hii, mmoja wao akiwa na kipaji kuliko Kaunta mwenyewe.

Mwaka huo huo wa 2024 Ihefu ilihamia Singida na kuwa Singida Black Stars. Kwa watu wa Mbarali lilikuwa pigo zito. Kwa redio zilizojenga vipindi vyao juu ya timu hiyo, ratiba ilibaki na mashimo. Kipindi cha Kaunta hakikutikisika, kwa kuwa kilikuwa kinasimama juu ya timu 22 za wilaya ambazo hakuna tajiri anayeweza kuzihamisha.

Ana mkataba wa maandishi sasa, wa mwaka mmoja unaohuishwa. Mshahara ni mdogo, na karibu nusu ya kipato chake bado inatoka kwenye harusi. Deni la Dar es Salaam alilimaliza juzi juzi tu. Pikipiki hajanunua nyingine.

Uchambuzi

Kilichombeba ni ujuzi wa mahali. Nasema hivi nikijua wengi watakielewa vibaya na kudhani namaanisha lafudhi au misemo ya kienyeji. Namaanisha kazi ya kalamu ya bluu. Saa sita au saba za maandalizi kwa mechi ya ligi ya wilaya ambayo itachezwa kwenye uwanja usio na uzio, kwa ajili ya wachezaji ambao hakuna mtandao wowote duniani utakaokuambia wamezaliwa wapi. Taarifa za Ligi Kuu kila mtu anazo. Taarifa za beki wa kushoto wa timu ya kata ziko kwenye daftari moja, na aliyenalo hana mpinzani. Dar es Salaam ilimchukua mtu huyo ikamwondolea daftari, kisha ikashangaa kwa nini hana cha kusema.

Simulizi ya kesho yake ilifanikiwa kwa sababu inayofanana na hiyo. Haki za matangazo zinalinda mechi inapochezwa. Haziwezi kulinda kumbukumbu ya mtu aliyekuwepo, wala sauti ya mama lishe aliyeikubali simu mbele yake. Kaunta alilipa kiingilio, akaheshimu mpaka, akatafuta kilicho upande wake wa mpaka. Wasimamizi wengi, mimi nikiwamo, tulitumia mwaka mzima tukilalamikia kilichokuwa upande wa pili.

Kilichoshindikana kikubwa ni kujitolea bila mwisho. Watu hukitetea kwa kusema ndiyo njia ya kujifunza. Sikatai miezi mitatu, hata sita, yenye barua na mtu wa kukufundisha. Miaka miwili na nusu ni kitu kingine. Ilimfanya Kaunta aione kazi yake kama fadhila anayofanyiwa, na mtu anayefanyiwa fadhila hadai mkataba, hadai ada ya chuo, hadai nakala ya rekodi zake. Alipokwenda Dar es Salaam bila karatasi hakuona ajabu, maana hakuwahi kufanya kazi akiwa na karatasi. Klabu ilipomwahidi Sh 300,000 kwa mdomo, aliamini mdomo. Makosa yote matatu yana mzazi mmoja, na mzazi huyo tulimlea sisi kituoni.

Kuhusu stashahada, wapo wanaosema sheria ile iliwaonea wenye vipaji. Nawaelewa, na nimemtaja aliyeondoka. Lakini kituo kilikuwa na miaka mitano. Kama tungetenga fedha kidogo za matangazo ya vifo kila mwezi kuanzia 2017, wote wanne wangekuwa wamesoma. Kaunta alisoma kwa sababu aliuza pikipiki, na hilo halipaswi kuhesabiwa kama mpango wa kituo.

Kofia mbili ndilo somo ninalolirudia zaidi na vijana. Wengi wao hudhani tatizo lilikuwa uongo wa siku ile, kwamba angesema tu ukweli mambo yangekuwa sawa. Siku ile ilikuwa imechelewa. Mtu anayelipwa na klabu akishika kipaza sauti cha redio, ukweli wake unakuwa na gharama ambayo msikilizaji hajaambiwa. Kama alitaka kuwa msemaji, kazi halali kabisa, ilikuwa lazima aache kutangaza mechi za klabu ile, na mimi ndiye niliyepaswa kumwambia siku ya kwanza. Nilinyamaza kwa sababu ya matangazo ya mfadhili, na mwishoni matangazo yenyewe tuliyakosa.

Radhi yake ilifanya kazi kwa kuwa ilikuwa fupi, ilitaja kosa kwa jina lake na ilitolewa pale pale uongo uliposemwa. Mzee yule alipiga simu tena baada ya miezi mingi, safari hii kutangaza kwamba mwanawe amepata timu.

Jambo moja bado halijakaa sawa, na ni la rekodi. Mkataba wa sasa una kipengele kuhusu sauti zilizorekodiwa, lakini nafasi ya kuandika ni za nani imeachwa tupu. Mwenye kituo anasema mitambo ni yake. Kaunta anasema mitambo haikujua jina la mchezaji hata mmoja. Siku hizi kaunta buku linashikwa na msichana aliyemaliza chuo mwaka jana, ambaye pia hutangaza kipindi cha kwanza cha mechi za wilaya, na ameomba jina lake liingie kwenye kipengele hicho. Wamepanga kukaa tena kabla ligi ya wilaya haijaanza, na safari hii nimemwomba fundi mitambo naye awepo. Kwa sasa kila mechi inahifadhiwa sehemu mbili, na diski moja iko nyumbani kwa Kaunta.